Nyumba ninayoichora kwa kumbukumbu inabomolewa. Niende kuiona?

BARUA

Shikamoo Mshauri,

Mimi ni mchoraji niliyejifunza mwenyewe. Kwa miaka kadhaa kazi yangu imekuwa kuchora nyumba niliyokulia, kipande kwa kipande: pembe ya sebule, ngazi za mlango wa nyuma, dirisha kubwa, mwanga wa alasiri unavyotambaa sakafuni. Vyote nachora kwa kumbukumbu. Familia yetu ilihama nikiwa na miaka tisa, nyumba ikauzwa, na sijarudi tena. Mwanzoni ilikuwa umbali tu. Baadaye niliamua kwa makusudi nisirudi, kwa kuwa niliona kutoiona ndiko kunakonifanya niichore.

Nachora juu ya plaiwudi iliyopakwa geso, ile rangi nyeupe ya msingi, kwa rangi za akriliki. Kwenye baadhi ya kazi nahamishia nakala za picha za zamani za familia kwa kutumia jeli ya akriliki. Hivi karibuni jamaa yetu mmoja aliniletea udongo wa uani kwetu, nami nikaanza kuusaga niutumie kama rangi.

Sasa mambo yamenijia kwa mkupuo. Kwanza, mwenye nyumba wa sasa anaibomoa. Amekubali niende kuiona kabla paa halijashushwa. Baada ya hapo kitabaki kifusi. Pili, nyumba ya sanaa moja imenialika kuonyesha mfululizo huu. Msimamizi wa maonyesho anasema kilichomvutia ni kwamba hii ni kumbukumbu ambayo haijaguswa. Anataka na maelezo yangu, ukurasa mmoja. Tatu ni dada yangu, anayenizidi miaka sita. Alipoona picha alinyamaza, kisha akasema dirisha nimeliweka ukuta usio wake. Kwangu linatazamana na mlango. Yeye anasema lilikuwa ukuta wa kushoto ukiingia, na ua haukuwa mpana hata nusu ya ninavyouchora. Maneno yake ya mwisho yalikuwa: "Unachora nyumba ya watu wengine." Anataka niende, nipime, nirekebishe, ndipo nitundike.

Naogopa. Nikiiona nyumba ile, ile iliyomo kichwani itafutika, na kazi yangu itakwenda nayo. Nisipoiona, hakuna mara ya pili.

Liko na suala la albamu, ambayo anayo dada. Kuna picha ndogo ya mama amesimama mlangoni. Ninataka kuibandika yenyewe, si nakala, katikati ya kazi kubwa ya maonyesho, kwa sababu nakala ninazohamisha zinatoka na ukungu mweupe na zinapoteza nguvu. Dada amekataa. Nao ule udongo, ukishakauka ubaoni, unabanduka kwa kidole.

Je, niende au nisiende? Kati yangu na dada, nani ana haki? Na mtu asiyepita darasani anaandikaje kwamba "anachunguza kumbukumbu na mahali" bila kuonekana anajikweza?

Mimi, Mchoraji wa Dirisha


JIBU

Marahaba, ndugu yangu.

Umeniuliza kama uende. Lakini ndani ya barua naona hofu ya aina mbili zilizochanganyika: hofu ya kupoteza picha uliyo nayo kichwani, na hofu ya kuambiwa kwamba tangu mwanzo ulikuwa umekosea. Ya kwanza ina njia za kuipunguza, tena za vitendo kabisa. Ya pili inatoka kwa dada yako zaidi kuliko inavyotoka kwenye nyumba, na hata ukienda ukapima kila ukuta inaweza isiishe. Kwa hiyo nitaanza na yale uliyoyachukua kuwa ya hakika.

Umeyakubali maneno ya msimamizi kwamba kumbukumbu yako haijaguswa. Mimi nina shaka nayo. Dirisha hilo umelichora mara nyingi, na kila ulipolichora ulilazimika kuamua: fremu rangi gani, kingo za chini ziwe wapi, mwanga uingie kwa pembe ipi. Mwanasaikolojia wa Uingereza Frederic Bartlett alionyesha mwaka 1932 kwamba watu wanaorudia hadithi waliyoisoma huijenga upya kila mara, wakipunguza hapa na kulainisha pale, bila kujua kwamba wanafanya hivyo. Kukumbuka ni kujenga. Inawezekana kabisa kwamba ukifumba macho leo, dirisha unaloliona ni lile la picha yako ya mwaka jana.

Jambo hili unaweza kulipima bila kwenda popote. Toa picha zote zenye dirisha, zipange kwa tarehe, za kale kushoto na za karibuni kulia. Angalia kama zile za mwanzo zina kusitasita, yaani fremu imesogezwa, rangi imefunikwa na nyingine, ukubwa unabadilika kutoka picha hadi picha, halafu za karibuni zote zina fremu ileile kwa pembe ileile. Ukikuta hivyo, mkono umeshaanza kujinakili wenyewe. Hilo si aibu, wachoraji wengi hufika hapo. Ila linabadilisha swali lako, maana kitu unachoogopa kukigusa kimeshaguswa, na aliyekigusa ni wewe.

Dada naye umempa cheo cha shahidi asiyekosea kwa sababu ni mkubwa. Kweli, alikuwa na miaka kumi na mitano mlipohama, na anaweza kuwa anakumbuka mengi zaidi. Lakini yeye ndiye mtunzaji wa albamu. Mtu anayefungua albamu ileile mwaka hadi mwaka hukumbuka vizuri kilichopigwa picha, na mara nyingi hukikumbuka kutoka pale aliposimama mpiga picha. Mama mlangoni, kwa mfano: huenda picha hiyo ndiyo inayompa "ukuta wa kushoto ukiingia".

Na je, ukiingia kwa mlango upi? Unachora ngazi za mlango wa nyuma, sioni ukitaja za mbele. Kama mtoto wa miaka sita au saba ulikuwa ukiingia sebuleni kutokea ndani, kwa mlango ulio ukuta wa kulia, basi dirisha la ukuta wa kushoto lilikuwa linakutazama uso kwa uso. Chora mstatili, weka mlango wa mbele upande wa chini, dirisha kushoto, mlango wa ndani kulia, halafu simama kwa kila mlango. Inawezekana nyote wawili mnasema kweli. Sijui kama ndivyo ilivyokuwa. Nasema tu kwamba ugomvi wenu haujafika mahali pa kuhitaji mshindi.

Ua pia. Macho ya mtoto wa miaka sita yako kama sentimita 105 kutoka ardhini. Ya mtu mzima yako karibu na 155 au zaidi. Kingo ya dirisha iliyo sentimita 90 humfika mtu mzima kiunoni, na mtoto huyo humfika karibu na kidevu. Hatua zake ni fupi, hivyo ua anauvuka kwa hatua nyingi zaidi. Upana unaouchora ni wa mwili wa wakati ule, na kipimo hicho kina ukweli wake, ingawa futikamba haitakubaliana nacho.

Yupo mchoraji aliyepita njia inayofanana na yako. Franco Magnani alizaliwa Pontito, kijiji cha milimani huko Italia, akahamia San Francisco, na bila mafunzo ya sanaa akawa anakichora kijiji chake kwa kumbukumbu tu. Mwaka 1988 jumba la makumbusho la Exploratorium lilitundika michoro yake sambamba na picha zilizopigwa Pontito na Susan Schwartzenberg, kutoka karibu na sehemu alizozichora. Kwingine mistari ilifanana kwa namna ya kushangaza, kwingine mchoro ulionyesha eneo pana kuliko jicho linavyoweza kulipata likiwa mahali pamoja. Tofauti hizo hazikuua michoro. Ndizo zilizofanya watu wasimame na kutazama. Baadaye mwenyewe alirudi kijijini, na hakuacha kukichora. Simleti kama kielelezo cha kufuata. Kijiji chake kilikuwa bado kimesimama, nyumba yako ina siku za kuhesabu. Namleta kwa sababu umeandika kana kwamba kuona na kukumbuka haviwezi kukaa katika chumba kimoja.

Kabla hujaamua lolote, iko kazi moja ambayo haikufungi upande wowote: weka akiba ya kumbukumbu. Chukua karatasi za A3, moja kwa kila chumba na moja ya ua. Chora ramani ya chumba kwa kalamu ya wino, si penseli, usije ukafuta. Usitumie rula. Weka milango na inafungukia wapi, madirisha, swichi, nyufa, ndoano ukutani. Vimo andika kwa mwili: kinafika kidevuni, nakifikia kwa kunyanyua visigino. Tumia kalamu tatu za rangi: moja kwa unachojua, ya pili kwa unachodhani, ya tatu kwa ulichoambiwa na watu. Hiyo ya tatu watu huisahau, na ndiyo yenye mafunzo zaidi. Rangi za kuta usiziandike kwa maneno; changanya rangi yenyewe, paka kipande cha karatasi cha sentimita tano kwa tano, bandika pembeni. Harufu na sauti ziandike nyuma ya karatasi. Weka tarehe, piga picha karatasi zote, zitie kwenye bahasha, ifunge.

Mwombe dada afanye vilevile, peke yake, nyumbani kwake, kabla hamjaonyeshana. Mashahidi wakishazungumza pamoja huazimana maelezo bila kujijua, na baada ya hapo hakuna namna ya kutenganisha kipi cha nani. Akikataa, usimsukume. Akikubali, utakuwa umempa nafasi nyingine zaidi ya ile ya kusahihisha kazi yako, na labda nafasi hiyo ndiyo aliyoikosa aliponyamaza mbele ya picha zako. Ulipoandika kwamba alinyamaza kwanza, nilisimama hapo kwa muda.

Sasa njia zilizo mbele yako.

Unaweza kwenda. Hatari yake unaijua, ila sidhani kama inatoka pale unapofikiri. Kumbukumbu iliyoandikwa na kufungwa kwenye bahasha haitafutwa na ziara ya saa chache. Hatari kubwa zaidi ni simu yako. Ukirudi na mamia ya picha, utaanza kuchora kutoka kwenye kioo cha simu, kwa sababu ni rahisi, na mkono utazoea. Wanaokwenda kwa kazi ya namna hii hupanga siku kinyume na mazoea: saa ya kwanza hakuna kamera wala futikamba, ni kukaa na kuchora, baadaye vipimo, picha mwisho kabisa. Zipige kwa vimo viwili, sentimita 105 na kimo chako cha sasa, kutoka kila pembe ya chumba ukielekea pembe iliyo mkabala, na uweke kijiti chenye alama za kila sentimita 10 ili ukubwa usomeke.

Hatari nyingine ni kwamba nyumba yenyewe inaweza kukudanganya. Wameishi humo watu wengine baada yenu. Dirisha linaweza kuwa limezibwa na jingine kufunguliwa. Usiamini ukuta kwa kuutazama kutoka mbele. Washa tochi uilaze ukutani ili mwanga upite kwa ubavu: dirisha lililozibwa huonyesha ufa mwembamba wenye umbo la mstatili, au plasta iliyotuna au kubonyea kidogo. Gonga kwa kifundo cha kidole ndani na nje ya mstatili huo, sauti huwa inabadilika. Tazama na upande wa nje, maana mara nyingi linta, yaani boriti iliyokuwa juu ya dirisha, huachwa palepale. Kwa hiyo "nenda ukapime" ya dada inaweza isilete jibu analolitarajia, na ni vizuri alijue hilo mapema.

Ukipima, chora kwanza ramani ya chumba kwa mkono, ndipo uandike vipimo juu yake. Pima kila ukuta kuanzia pembe moja ukiendelea mbele bila kuondoa sifuri ya futikamba kwenye pembe hiyo: pembe hadi ukingo wa mlango, hadi ukingo wa pili, hadi dirisha, hadi mwisho. Ukipima kipande kimoja kimoja na kujumlisha, makosa madogo yanarundikana. Kisha pima diagonali zote mbili za chumba, yaani kutoka pembe hadi pembe iliyo mkabala. Zikitofautiana, chumba hakina pembe mraba. Watu wengi husahau, wakifika nyumbani ramani inakataa kufunga. Ongeza kimo cha dari, kingo ya dirisha na unene wa kuta. Mfanye wawili, mmoja ashike futikamba na mwingine aandike.

Ipo na njia isiyo ya kamera wala vipimo, ya kusugua. Do Ho Suh, msanii wa Korea Kusini, alizifunika kwa karatasi nyuso za ndani za nyumba aliyokuwa akiishi New York, kisha akasugua kwa penseli za rangi hadi swichi, vitasa na maungio ya mbao vikajitokeza. Kwako ingetosha mlango mmoja na kingo ya dirisha. Tumia karatasi nyembamba, chini ya gramu 60 kwa mita ya mraba. Nene haishiki michoro midogo. Futa vumbi kwa brashi laini, shikiza kwa tepu ya karatasi, sugua kwa ubavu wa krayoni ya nta au kipande cha grafiti, kwa mkono mwepesi, ukielekea upande mmoja. Karatasi ikiteleza hata kidogo mistari hujirudia, na sehemu hiyo haitengenezeki tena. Ila usisugue rangi inayobanduka. Rangi za mafuta za zamani mara nyingi zina madini ya risasi, na vumbi lake ni sumu. Kama paa au dari ni ya mabati ya asbesto, usiyavunje wala kuyakwaruza, na usiwepo siku ya kubomoa.

Unaweza kutokwenda. Ni chaguo halali, wala si uoga. Ila jiulize unalichagua kwa ajili ya kazi au kwa ajili ya maneno ya msimamizi. Amelipenda wazo la kumbukumbu isiyoguswa kwa sababu linatundikika vizuri ukutani. Maonyesho yatakwisha baada ya wiki kadhaa, wewe utabaki na uamuzi. Na fikiria hili: hata usipokwenda, siku utakayoambiwa imeshabomolewa utachora tofauti. Kutokwenda hakuigandishi kazi pale ilipo.

Unaweza kumtuma mtu. Dada anaweza kwenda akapima na kupiga picha, halafu vyote vikafungwa na kuwekwa kwa mtu wa tatu hadi utakapotaka kuvifungua, hata kama ni miaka kumi ijayo. Kinachoharibika kwa njia hii ni kwamba aliyetumwa huleta anachokiona yeye ni muhimu. Mpe orodha: vimo viwili, pembe nne za kila chumba, vitasa, sakafu kwa karibu, dakika kumi za sauti madirisha yakiwa wazi na kumi yakiwa yamefungwa. Bahasha hiyo usiiweke kwako, maana wengi huifungua usiku wa kwanza.

Na unaweza kumaliza mfululizo wa kumbukumbu kwanza, ukaenda baadaye. Hapo yote yanategemea ratiba ya ubomoaji. Mwombe mwenye nyumba tarehe ya kushusha paa, kwa maandishi, na ujue kwamba mafundi huanza mapema kuliko ilivyosemwa wakipata nafasi. Milango na fremu ndivyo hung'olewa kwanza kwa sababu vinauzika.

Njia yoyote utakayoishika, andika nyuma ya kila ubao tarehe, na kama umechorwa kabla au baada ya ziara. Msimamizi pia ana haki ya kuambiwa. Si lazima afute mwaliko. Huenda akaona ramani yako na ya dada, zilizochorwa bila kuonana, zinastahili ukuta wao wenyewe.

Kuhusu mama mlangoni. Jeli ya akriliki ikishakauka haitoki bila kuchana karatasi ya picha. Ukiibandika, umeitoa kwenye albamu daima, na picha hiyo si yako peke yako. Naelewa kwamba karatasi yenyewe, yenye kingo zilizochakaa, ina kitu ambacho nakala haina. Iko njia ya katikati: kuionyesha picha halisi pembeni ya kazi, imeshikwa kwa vipembe vinne vya karatasi isiyo na asidi, bila gundi, kioo kikiwa hakiigusi, taa kali ziwe mbali, kisha irudi kwa dada maonyesho yakiisha. Akikataa hata hilo, mwachie neno lake.

Ukiwa unaiskani, kwa picha ya sentimita 6 kwa 9 tumia nukta 1200 kwa inchi na uhifadhi kama faili la TIFF. Itakuruhusu kuchapa hadi karibu sentimita 24 kwa 36 bila kupoteza ukali. Ule ukungu mweupe ni nyuzi za karatasi zilizobaki juu ya wino. Chapa kwa printa ya leza, kwa kuwa wino wa printa za kawaida huyeyuka ukilowa, na geuza picha kama kwenye kioo. Paka jeli ubaoni safu nzito kiasi, kama unene wa kadi, laza nakala kifudifudi, kamua mapovu kwa ubao wa plastiki kuanzia katikati kwenda nje. Iache saa 24. Wengi wanaharibu hapa, wanaanza kulowesha baada ya saa mbili na picha inatoka na karatasi. Lowesha kwa sponji, sugua kwa ncha za vidole kwa mizunguko midogo, acha ikauke kabisa. Ukungu utarudi. Lowesha na kusugua tena, hata mara tatu au nne, kila mara ukiacha ikauke katikati. Nyuzi chache za mwisho usizipiganie. Safu nyembamba ya jeli inayong'aa huzifanya zipitishe mwanga na weusi wa picha unarudi.

Kuhusu kutopita darasani, sitakaa sana. Alfred Wallis, mvuvi na baharia wa Cornwall huko Uingereza, alianza kuchora akiwa na umri wa karibu miaka 70, juu ya vipande vya maboksi, akichora meli na bandari alizozikumbuka kutoka ujanani. Wachoraji Ben Nicholson na Christopher Wood walimkuta mwaka 1928 na kazi zao zikabadilika. Hakuna aliyemdai cheti. Kwenye ukurasa wako usianze na "nachunguza kumbukumbu na mahali", si kwa sababu huna haki nayo, bali kwa sababu kila mtu ameshaitumia. Andika masharti uliyojiwekea: uliondoka na miaka tisa, hukuchora kwa kutazama picha, udongo umetoka wapi, dirisha liko wapi kwako na liko wapi kwa dada. Hayo yanajaza ukurasa.

Imebaki udongo. Unaobanduka kwa kidole una gundi pungufu, na pengine umepakwa mzito. Udongo wenye mfinyanzi mwingi husinyaa ukikauka na kupasuka. Vaa barakoa unaposaga. Tia udongo kwenye chupa ya maji, tikisa, hesabu sekunde thelathini mchanga utue, mimina maji machafu kwenye chupa ya pili na uache mchanga na mizizi nyuma. Kesho yake mwaga maji safi yaliyo juu, ongeza mengine, rudia mara tatu. Hiyo huondoa chumvi ambayo ingekuja kutoa unga mweupe juu ya picha. Kausha, saga, chekecha kwa kitambaa cha nailoni. Anza na kijiko kimoja cha udongo kwa vijiko viwili vya midiamu ya akriliki, yaani akriliki isiyo na rangi inayofanya kazi ya gundi, si maji. Paka vipande vya majaribio kwa uwiano tofauti, safu nyembamba, siku mbili baadaye vifute kwa kitambaa cheupe kikavu. Kitambaa kikitoka na rangi, ongeza midiamu.

Uliobaki usiutumie wote kwa majaribio. Ukienda, au akienda mtu kwa niaba yako, chukueni kilo mbili kutoka uani na kilo moja chini ya dirisha, mifuko tofauti yenye maandishi, kabla magari hayajaingia. Chokaa na saruji ya kifusi vikishachanganyika na udongo, havioshwi vikatoka.